Zuru jiji ukikimbia, lakini kwa mwendo wa kuzungumza

WAKAZI wengi wa Nairobi huijua Nairobi kupitia dirisha la matatu. Asubuhi huingia mjini wakiwa wameketi, hushinda wameketi ofisini au dukani, na jioni hurudi nyumbani wakiwa wameketi vilevile. Mgeni naye aliyekuja kwa semina au harusi hulala hotelini, hupelekwa kwa gari alikoalikwa, kisha hurejea kwao akiwa ameona msongamano wa magari tu. Wote wawili, mwenyeji na mgeni, wamekosa mambo mawili kwa pamoja: hawajauona mji, na viungo vyao havijapata mazoezi.

Msomaji, ipo njia ya kuyapata yote mawili katika asubuhi moja. Njia hiyo ni ziara ya mbio. Watu wachache hukusanyika alfajiri, wakakimbia polepole wakifuata kiongozi anayezijua barabara na historia ya mahali. Kila baada ya dakika chache husimama penye sanamu, jengo au bustani, kiongozi akaeleza, kisha wakaendelea. Katika miji kama New York, Rome na Berlin, wageni wamezoea kuzuru hivyo. Nairobi nayo ina kila kitu kinachohitajika: hewa baridi ya asubuhi, mahali pa kutazamwa palipokaribiana, na watu wanaojua kukimbia.

Huenda sasa unajiambia kwamba mbio ni za watu wa Iten na Eldoret, na kwamba wewe mwenye kitambi na miaka 45 hayakuhusu. Hapo ndipo wengi wanapokosea. Mwanariadha hukimbia ili ashinde. Wewe unakimbia ili moyo wako ukutumikie kwa muda mrefu, na kazi hiyo haitaki kasi.

Kipimo ni ulimi wako

Wataalamu wa afya wana kipimo rahisi cha mazoezi, nacho hakihitaji saa wala mashine. Ukikimbia huku unaweza kuzungumza sentensi nzima bila kukatiza, ila huwezi kuimba, mwendo wako ni wa wastani na unakufaa. Ukiwa unaweza kutoa maneno mawili matatu tu kabla ya kuvuta pumzi, umeanza mazoezi makali, na kama hujayazoea punguza mwendo. Ukiwa unaweza kuimba wimbo mzima, ongeza hatua kidogo.

Faida kubwa ya ziara ya mbio iko papo hapo. Anayekimbia peke yake, hasa siku ya kwanza, hutoka mbio kama anayefukuzwa, na baada ya dakika tano amechoka, kifua kinamwaka na ameapa kutorudia. Lakini anayeongozwa hulazimika kusikiliza, kuuliza na kujibiwa. Usipoweza kumuuliza kiongozi wako swali, basi unakwenda mbio kupita kiasi. Wahenga walisema mwenda pole hajikwai.

Shirika la Afya Duniani hushauri mtu mzima apate dakika 150 hadi 300 za mazoezi ya wastani kila wiki, au dakika 75 hadi 150 za mazoezi makali. Ziara moja ya saa moja na nusu, ukitoa dakika za kusimama, hukupa karibu saa nzima. Ukiongeza kutembea kwa haraka nusu saa kwa siku tatu nyingine, umefikisha kiwango cha chini. Mazoezi ya namna hii yakidumu, moyo huimarika na kusukuma damu zaidi kwa kila pigo, mishipa hulegea, presha hushuka, na misuli hutumia sukari iliyo kwenye damu.

Presha haipigi hodi

Kabla hujavaa raba, kuna jambo moja la kufanya. Uchunguzi uliofanywa nchini mwaka wa 2015 ulionyesha kwamba karibu mtu mzima mmoja kati ya wanne alikuwa na presha ya juu, na zaidi ya nusu ya watu wazima hawakuwa wamepimwa hata mara moja maishani. Maradhi haya hayana maumivu ya kukuamsha usiku. Mtu hujiona mzima hadi siku mshipa wa ubongo unapopasuka au moyo unapolemewa.

Kwa hivyo nenda ukapimwe. Ni kazi ya dakika chache. Vipimo vikifika 140 kwa 90 au zaidi, usikate tamaa wala usijitibu. Muone daktari, kwani huenda ukahitaji dawa, na mara nyingi mazoezi yatakuwa sehemu ya matibabu yenyewe. Vilevile muulize daktari kwanza ikiwa una maradhi ya moyo au kisukari, ikiwa una mimba, au ikiwa umepita miaka 40 na hujafanya mazoezi kwa muda mrefu.

Mwenye pumu aweke dawa yake ya kuvuta mfukoni, si nyumbani. Mwenye kisukari anayetumia insulini abebe glukosi au peremende, kwa maana mbio zinaweza kuishusha sukari ghafla. Wote wawili wamweleze kiongozi hali zao kabla ya kuanza. Hakuna aibu hapo.

Njia yenyewe

Hebu tuifuate njia moja ya katikati ya jiji, ya takriban kilomita sita. Siku bora ni Jumapili, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, kukipambazuka, kabla matatu hazijajaa barabarani. Saa hiyo si ya usalama wa magari pekee. Anayekimbia huvuta hewa nyingi kuliko anayetembea, na moshi wa magari humwingia zaidi.

Anzia stesheni ya reli, maana hapo ndipo jiji lilipoanzia. Reli kutoka Mombasa ilifika hapa mwaka wa 1899, mahali palipokuwa kinamasi, na jina Nairobi limetokana na maneno ya Kimaasai yenye maana ya maji baridi. Tembea dakika tano kwanza, viungo vipate joto, ndipo uanze kukimbia.

Kituo cha kwanza hakiko mbali. Kwenye makutano ya Haile Selassie Avenue na Moi Avenue kuna bustani ya ukumbusho wa Agosti 7. Mnamo 1998 bomu lililipuliwa hapo, kwenye ubalozi wa Marekani, na zaidi ya watu 200 wakafa. Simama, ushushe pumzi. Pigo la moyo litapungua lenyewe, na kadiri wiki zinavyopita utaona linapungua haraka zaidi. Hiyo ni dalili kwamba mwili wako unapata siha.

Endelea na Moi Avenue hadi kwenye sanamu ya Tom Mboya, iliyosimamishwa mwaka wa 2011. Mboya alipigwa risasi kwenye barabara hiyo Julai 5, 1969, akiwa na miaka 38. Kutoka hapo ni mwendo mfupi kuingia Kimathi Street, ilipo sanamu ya Dedan Kimathi, iliyozinduliwa mwaka wa 2007, miaka 50 baada ya yeye kunyongwa na wakoloni. Vijana wengi hupita hapo kila siku wakikimbilia gari bila kuinua macho. Sasa unapita ukikimbia, nawe umeyainua.

Geuka kuelekea City Hall Way. Mbele yako ni KICC, jengo lenye orofa 28 lililokamilika mwaka wa 1973. Pita mbele yake, uendelee hadi Bungeni. Kufikia hapo utakuwa umekwenda karibu nusu ya safari. Kunywa maji, mafunda machache tu. Kiongozi mwema ataangalia nyuso za watu hapa, na anayeonekana kuchoka ataambiwa atembee.

Vuka Uhuru Highway kwa uangalifu, wote kwa pamoja, wala si mmoja mmoja. Upande wa pili ni Uhuru Park, iliyofunguliwa na Mzee Jomo Kenyatta mwaka wa 1969. Fuata ukingo wake hadi pembe inayoitwa Freedom Corner. Mwaka wa 1989 palikuwa na mpango wa kujenga jumba la orofa 60 ndani ya bustani hii. Profesa Wangari Maathai alipinga, akatukanwa, lakini jumba halikujengwa. Miaka mitatu baadaye, akina mama wa wafungwa wa kisiasa walifunga kula kwenye pembe hiyo hiyo wakidai wana wao waachiliwe.

Fikiri kidogo, msomaji. Anayeishi kwenye chumba kimoja na jirani ukuta kwa ukuta atafanyia wapi mazoezi? Bustani ikiondoka, kinachoondoka si miti tu. Ni mahali pa mzee mwenye presha kutembea na mtoto kucheza. Ndiyo maana anayetetea uwanja wa mtaa wake anatetea pia afya ya majirani zake.

Sasa njia inapanda. Fuata Uhuru Highway hadi Chuo Kikuu cha Nairobi, kisha uingie State House Road na kuelekea Arboretum. Kwenye mlima fupisha hatua na usitazame saa. Ukishindwa kuzungumza, tembea. Kumbuka pia kwamba karibu na Ikulu si mahali pa kupiga picha.

Arboretum ilianzishwa mwaka wa 1907 ili kujaribu miti inayokua haraka, kwa kuwa garimoshi za siku hizo zilitumia kuni. Miti iliyokusudiwa kuwa kuni leo inakupa kivuli, na unalipa kiingilio kidogo. Malizia hapo kwa kutembea dakika kumi, unyooshe misuli ya mapaja na vifundo, ndipo uketi.

Aliyetoka pwani asijidanganye

Nairobi iko karibu mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, na oksijeni unayovuta kwa kila pumzi imepungua kwa karibu sehemu moja kwa tano ikilinganishwa na Mombasa. Ndugu yetu wa Likoni au Malindi anayekimbia kila jioni ufuoni atashangaa kuona anahema mapema. Asidhani ameugua. Apumzike siku mbili au tatu baada ya kufika, na siku ya mbio aanze kwa mwendo wa chini kuliko aliouzoea. Miezi ya Juni na Julai aje na sweta, kwa kuwa asubuhi huwa na baridi kali.

Mchague kiongozi kabla ya raba

Usimfuate mtu kwa sababu ana mwili wa mwanariadha. Muulize maswali haya: Je, ni kilomita ngapi, na tutasimama mara ngapi? Nani atakimbia nyuma ya kundi? Anajua huduma ya kwanza? Mtu akishindwa njiani, atarudishwaje? Asiyekuwa na majibu, mwache. Kundi zuri huwa na viongozi wawili, mmoja mbele na mmoja nyuma, na hukimbia kwa mwendo wa aliye polepole zaidi. Hili ni muhimu hasa kwa akina dada, wasije wakaachwa peke yao kwenye vichochoro.

Raba si lazima ziwe za bei. Hata za mitumba zinafaa, mradi uzikague. Soli iliyoliwa upande mmoja hupinda kifundo na kuumiza goti. Acha nafasi ya upana wa kidole gumba mbele ya vidole vyako. Vaa nguo ya rangi inayong'aa, uache vito nyumbani, na uwe na kitambulisho na nambari ya jamaa yako mfukoni. Pasipo na njia ya miguu, kimbia upande wa kulia, uyaone magari yanayokuja.

Usikimbie ukiwa umeshiba, wala ukiwa na njaa kabisa. Ndizi moja na kikombe cha chai saa moja kabla vinatosha. Kama hujazoea, kimbia dakika moja na kutembea mbili, ukirudia hivyo hadi mwisho. Baada ya wiki chache, geuza: kimbia mbili, tembea moja.

Dalili za kusimama mara moja

Simama, keti na umwite kiongozi ukihisi maumivu au mkandamizo kifuani, hasa yakienea kwenye mkono, shingo au taya. Fanya hivyo pia ukipata kizunguzungu, moyo ukipiga bila mpangilio, au ukikosa pumzi ambayo hairudi hata ukipumzika. Usiseme utavumilia hadi kituo kinachofuata. Hali ya namna hiyo ni ya kupelekwa hospitali mara moja. Sanamu zitakungoja.

Wiki hii, basi, anza kwa kupimwa presha. Kisha utafute watu watatu au wanne na kiongozi mmoja mwenye busara, mpange Jumapili yenu. Wasio Nairobi wanaweza kufanya vivyo hivyo Mombasa, Kisumu au Nakuru, kwa kuwa hakuna mji usiokuwa na mzee anayejua historia yake wala kijana anayejua njia zake. Mkianza, sikiliza mazungumzo ya kundi. Yakinyamaza, punguzeni mwendo.