Je, Wajua? Kifungo cha Tabora na Kiti cha Karani Tanga

Majeshi ya Uingereza yalipoziteka Korogwe na Handeni mnamo Juni 1916, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, Waafrika wa ukanda huo waliofungwa na Wajerumani kwa kushukiwa kuwapendelea Waingereza hawakuwa wote huru, kwani waliopelekwa Tabora walisubiri hadi Wabelgiji walipouteka mji huo mwezi Septemba. Wengi wa washukiwa walikuwa watu wa UMCA, misheni ya Kianglikana yenye kituo Korogwe.

Mmoja wa wafungwa wa Tabora alikuwa Martin Kayamba, Mbondei aliyesoma Kiungani, shule ya UMCA huko Zanzibar. Kwa watawala wapya, yaani Waingereza, kufungwa na adui pengine kulikuwa sifa njema kuliko cheti: aliajiriwa karani wa serikali mjini Tanga, ambako mwaka 1922 alianzisha chama cha watumishi wa serikali Waafrika, kilichowaunganisha Waislamu na Wakristo. Mwaka 1931 alitoa ushahidi London, mbele ya kamati ya Bunge iliyochunguza mpango wa kuziunganisha Kenya, Uganda na Tanganyika, na safari hiyo akaiandikia kitabu kwa Kiswahili. Mwaka 1932 alihamishiwa Sekretarieti, yaani makao makuu ya serikali, Dar es Salaam.