Nairobi tunaitoroka GSU, Lokori wanauliza iko wapi

Ukipanda matatu ya Thika Road, kuna steji inaitwa GSU. Kondakta anaitaja tu kama vile anavyotaja Roysambu, na hakuna abiria anayeshtuka. Makao makuu ya kikosi chenyewe yako hapo Ruaraka. Lakini siku ya maandamano, ukiona lori lao likiingia katikati ya jiji, hata wewe uliyekuja tu kununua chaja unajua ni wakati wa kutafuta kichochoro.

Mimi gesi ya kutoa machozi niliionja mara ya kwanza nikiwa mwaka wa pili chuoni. Karo ilikuwa imepanda, tukaingia barabarani. Chuo sitakitaja, kwanza sikumaliza. Polisi waliotutawanya sijui walikuwa wa kikosi gani, maana ukiwa unalia huwezi kusoma bega la mtu. Jioni nikampigia mjomba wangu Lokori nimlilie. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akauliza swali moja: "Walichukua muda gani kufika?"

Nikamwambia kama dakika kumi hivi.

Akacheka sana. "Dakika kumi! Huku mbuzi wakichukuliwa alfajiri, gari la kwanza tunaliona alasiri."

Kama hujawahi kufika Lokori, iko Turkana Mashariki, kando ya Mto Kerio. Ukiwa unatoka Lodwar unashuka hadi Lokichar, kule kwenye mafuta, kisha unaiacha lami na kuelekea mashariki. Kusini zaidi kuna Kapedo, kwenye mpaka na Baringo, na bonde la Suguta ambalo joto lake halina mzaha. Huku "operesheni" ni neno ambalo mtoto analijua kabla ya kwenda shule.

Watu wengi wa rika letu wanadhani GSU iliundwa kwa ajili ya maandamano. Si uongo, lakini si yote. Mwaka wa 1948 serikali ya kikoloni iliunda kikosi kidogo cha polisi 50, wenye magari ya kivita na vifaa vya kuzima ghasia. Vita vya Mau Mau vilipochacha kikapanuliwa, na mwaka wa 1953 kikapewa jina hili la GSU. Baada ya uhuru kikapelekwa kaskazini kwenye vita vya Shifta. Kwa hivyo tangu mwanzo kilikuwa na kazi mbili, umati mjini na bunduki porini. (Wenzetu Tanzania wana FFU yao, ambayo raia waliipa tafsiri yao wenyewe: Fanya Fujo Uone.)

Hiyo kazi ya mjini unaijua. Juni 25, 2024 ulikuwa barabarani, au ulikuwa kwenye simu ukitazama waliokuwa barabarani. Kufikia Julai 1, Tume ya Kitaifa ya Haki za Kibinadamu ilikuwa imehesabu vifo 39. Sihitaji kukueleza zaidi.

Ya porini ndiyo hatuiongelei. Novemba 2012, zaidi ya polisi 40 waliuawa bonde la Suguta, upande wa Baragoi, wakifuata mifugo iliyoibwa. Wengi wao walikuwa wametoka mafunzoni juzi tu. Vijana wa umri wako. Na nitasema hata kama inaniuma: walioshukiwa ni Waturkana, watu wa kwetu. Mwishoni mwa Oktoba 2014 karibu polisi 20 waliviziwa na kuuawa karibu na Kapedo. Januari 2021, huko huko Kapedo, kamanda wa operesheni wa GSU akapigwa risasi akafa. Septemba 2022 watu 11 waliuawa Turkana Mashariki, wakiwemo polisi wanane na chifu, wakiwafuata wezi wa mifugo.

Mjomba husema shida si woga wa askari. Shida ni kwamba ngao na rungu vinajua barabara, lakini mbuzi walioibwa hawapiti barabarani. Wanapelekwa kwenye vilima na makorongo ambako lori linabaki nyuma na askari anaendelea kwa miguu, mahali ambapo aliyejificha juu ya mawe anamwona na yeye hamwoni. Wanaojua njia hizo ni vijana wa hapa hapa, na baadhi yao walikuwa polisi wa akiba, wakilinda bila mshahara. Mwaka wa 2019 serikali iliwanyang'anya bunduki ikisema zinatumiwa vibaya. Nyingine zilikuwa zinatumiwa vibaya kweli. Lakini muulize mama aliyebaki na boma lisilo na mlinzi kama hoja hiyo ilimsaidia usiku.

Sasa sikiliza kisa hiki, maana ndicho kilichonifanya niandike. Juni 2018 Rais Uhuru Kenyatta alizindua usafirishaji wa mafuta ghafi kwa malori kutoka Turkana hadi Mombasa. Kabla mwezi haujaisha wakazi walifunga barabara Lokichar na kuyazuia malori hayo. Walikuwa wanadai usalama. Kwamba mafuta yanasindikizwa na mbuzi hawana mtu. Malori yalikaa wiki kadhaa hadi Agosti, baada ya mazungumzo. Yaani sisi Nairobi tunaandamana polisi watuondokee, na wao waliandamana ili polisi waje!

Usinielewe vibaya. Polisi wakija si sherehe. Baada ya mauaji ya 2014 operesheni ilipoingia Kapedo, wakazi walikimbia na nyumba zikachomwa, za watu ambao hawakuwa wameua mtu. Tangu Februari 2023 kuna operesheni nyingine, Maliza Uhalifu, katika kaunti sita za Bonde la Ufa, Turkana ikiwemo. Nikimuuliza mjomba anataka nini hasa, hasemi GSU waondoke wala waongezwe. Anataka waliopo wajue tofauti kati ya mwizi na jirani ya mwizi. Ukifikiria, ni kile kile tulichokuwa tunadai barabarani kwa mabango.

Binamu yangu wa Lokori anangoja usajili wa makurutu. Anakimbia kila asubuhi kando ya Kerio na ameamua ni GSU tu, mengine hataki. Juzi nikamuuliza kwenye simu: ukipelekwa Nairobi siku ya maandamano, na mimi niko upande ule mwingine, utafanyaje?

Akafikiri kidogo. "Wewe kimbia tu," akasema. "Hata hapa nyumbani ulikuwa unatushinda kukimbia."