Mikono, Mgongo na Utulivu wa Swala

Msikitini, madhehebu ya mtu hujulikana kabla hajanyanyua mdomo kuzungumza na jirani yake. Itazame mikono yake anapopiga takbiri ya kuhirimia. Mshafii wa Lamu, Mombasa au Unguja huinua viganja mpaka usawa wa mabega, vidole gumba vikielekea ndewe za masikio, kisha hukamata mkono wa kushoto kwa wa kulia na kuiweka chini ya kifua, juu ya kitovu. Mhanafi huishusha chini ya kitovu. Mmaliki wa Sudan au Afrika Magharibi mara nyingi huiachia ubavuni. Muibadhi wa Oman naye huiachia, tena haiinui hata kwenye takbiri ya kwanza. Shia Ithnaashari pia hafungi mikono, na akisujudu huweka paji la uso juu ya kipande cha udongo.

Zanzibar imeyajua haya kwa vizazi. Masultani wa ukoo wa Busaidi walikuwa Waibadhi, raia wao wengi Washafii, na dola yao ikawa na makadhi wa pande zote mbili. Ndiyo maana huniuma kusikia vijana wa leo wakitiliana shaka dini zao kwa ajili ya mikono. Kwa Mshafii mwenyewe kufunga mikono ni sunna tu. Akisahau, swala yake inasihi na wala haimlazimu sijda ya kusahau. Imamu Malik, aliyefariki mwaka 795, ameipokea ndani ya Muwatta hadithi ya kuweka mkono wa kulia juu ya wa kushoto, na bado mwanafunzi wake Ibn al-Qasim amenukuu kwamba hakuipenda hali hiyo katika swala za faradhi. Wanazuoni wamelijadili hilo karne kwa karne bila kubatilishiana swala.

Kinachobatilisha swala ni kingine, nacho hatukigombei: kukosa utulivu. Imepokewa kwamba mtu mmoja aliingia msikitini, akaswali, akaja kumsalimia Mtume. Akaitikiwa salamu, kisha akaambiwa arudi akaswali kwa kuwa hajaswali. Akarudishwa mara tatu mpaka akaomba afundishwe. Akaelezwa arukuu mpaka atulie, ainuke mpaka asimame sawasawa, asujudu mpaka atulie, akae kitako mpaka atulie. Katika mapokezi mashuhuri ya kisa hicho hamna neno lolote la kufunga mikono wala kuiachia.

Basi utulivu wenyewe ni upi? Wakati wa kurukuu, mgongo na shingo hulazwa sawa, magoti hunyooshwa, viganja hushika magoti na vidole kuachanishwa. Kila kiungo kikae mahali pake kabla ya kuinuka. Kiasi cha kusema "Subhanallah" mara moja kinatosha kwa uchache. Penye hatari zaidi ni itidali, kule kusimama baada ya rukuu. Tazama safu ya tarawehe imamu akiwa na haraka: migongo inainuka nusu, haijanyooka, na tayari watu wanashuka. Kwa Shafii itidali ni nguzo na utulivu ndani yake ni wa lazima, kwa hiyo rakaa ya namna hiyo haipo.

Sijda inadai viungo saba: paji la uso, viganja viwili, magoti mawili na vidole vya miguu yote miwili. Viwiko havilazwi chini, kwani Mtume alikataza kutandaza mikono kama alalavyo mbwa. Mwanamume huvitenga na mbavu. Mwanamke, kwa Washafii, hujikusanya. Ukivitazama vidole vya miguu vya walio mbele yako utaona wengi wameviacha vikielea, au wamelaza mgongo wa wayo, ilhali vinatakiwa vikanyage kwa matumbo yake, vikielekea kibla.

Katika tahiyatu mkono unarudi kusema. Kidole cha shahada cha Mshafii huinuka kwenye "illallah" na kubaki juu. Cha Mhanafi huinuka kwenye kukanusha na kushuka kwenye kuthibitisha. Tofauti ni ya sekunde chache, ila pande zote mbili zinataka mwili ushuhudie kile ulimi unachotamka.

Uzito wa mikao hii huonekana zaidi kwa mgonjwa. Asiyeweza kusimama huswali kwa kukaa. Asiyeweza kukaa hulala ubavu, na ikishindikana hulala chali, nyayo zikielekea kibla. Hapo rukuu na sijda huwa ishara za kichwa, na ishara ya sijda lazima iwe ya chini kuliko ya rukuu. Kichwa kikishindwa, hukonyeza kwa kope. Kope zikishindwa, hupitisha kila nguzo moyoni, moja baada ya nyingine, kwa mpangilio uleule. Maadamu akili yake ipo, swala haijamwondokea.