Bango si Kibali: Kweli na Si Kweli Kuhusu Shule Kuongeza Kidato cha Tano na cha Sita

Matokeo ya kidato cha nne yakishatoka, mabango ya shule hujaa barabarani: nafasi za kidato cha tano zipo, tahasusi zote, bweni lipo. Mzazi hupiga simu, hulipa ada, hununua godoro. Kinachosahaulika ni kuuliza kama shule hiyo imeruhusiwa kufundisha kidato cha tano. Sheria ya Elimu ya mwaka 1978 (Sura ya 353) na miongozo ya usajili ya Wizara ya Elimu vina majibu yake, na mitaani yapo mengine. Tuyapime.

"Shule ikishasajiliwa, inaweza kupanda yenyewe hadi kidato cha sita."
SI KWELI. Usajili hutolewa kwa ngazi iliyoombwa na kukaguliwa. Shule ya kidato cha kwanza hadi cha nne ikitaka kufungua cha tano, mwenye shule anaomba upya. Wathibiti ubora wa shule wanafika kuangalia madarasa, vyoo, samani, vitabu, na walimu wenye sifa ya kufundisha ngazi hiyo. Bila kibali, darasa jipya halina uhalali hata kama ukuta bado unanuka rangi mpya.

"Shule ya msingi yenye eneo kubwa inaweza kuanza sekondari kwa usajili uleule."
SI KWELI. Namba ya usajili ya shule ya msingi huanza na EM, ya sekondari huanza na S. Hata kama mmiliki ni mmoja na uzio ni mmoja, kisheria hizo ni shule mbili, na kila moja inasajiliwa kivyake.

"Kibali cha kidato cha tano kinafungua tahasusi zote."
SI KWELI, na hapa ndipo wazazi wengi wanapoumia. Shule huombea tahasusi zinazotajwa kwa majina, kwa sababu mahitaji yake hayafanani. HGL inadai walimu wa Historia, Jiografia na Kiingereza pamoja na vitabu vya kutosha. PCB inadai maabara za Fizikia, Kemia na Baiolojia zinazofanya kazi. Ukitembelea shule, omba kuingia maabara. Fungua koki uone kama maji yanatoka, uliza gesi iko wapi, tazama chupa za kemikali kama zina lebo na kama zimewahi kufunguliwa. Mwaka 2024 Serikali ilipanua orodha ya tahasusi hadi 65, lakini tahasusi kuwemo kwenye orodha ya taifa hakumaanishi imo kwenye kibali cha shule unayoitaka.

"Masharti haya ni ya shule binafsi tu."
SI KWELI. Shule nyingi za kata, zilizoongezeka kwa kasi kuanzia mwaka 2004 chini ya Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Sekondari (MMES), zilijengwa kwa ajili ya kidato cha kwanza hadi cha nne. Wananchi wakichanga na bweni likasimama, halmashauri bado inapaswa kuomba shule ipandishwe hadhi.

"Shule yenye usajili ni lazima iwe kituo cha mtihani."
SI KWELI. Usajili hutoka wizarani, kituo cha mtihani husajiliwa na Baraza la Mitihani, NECTA. Ndiyo maana shule huwa na namba mbili. Uliza zote mbili.

"Shule ya kutwa inaweza kulaza wanafunzi wachache bila kibali."
SI KWELI. Bweni lina kibali chake, maana usiku kuna hatari za moto, maradhi na ulinzi ambazo darasa la mchana halina. Chumba cha darasa kilichopangwa vitanda vya deka si bweni.

"Mwaka 2028 sekondari zitapokea madarasa mawili kwa mkupuo."
KWELI. Ndivyo ulivyo mpango wa Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, toleo la 2023, inayofanya elimu ya msingi kuwa miaka sita: wa darasa la sita na wa la saba wanamaliza pamoja mwaka 2027. Shule nyingi zitapanuka kwa haraka, na haraka hiyo isiwe kisingizio cha kuruka ukaguzi.

Kabla hujalipa, omba kuona cheti cha usajili, kibali cha kidato cha tano na orodha ya tahasusi zilizoidhinishwa. Shule safi itakuonyesha bila kinyongo. Ukipigwa chenga, nenda ofisi ya uthibiti ubora wa shule ya wilaya ukaulize. Ada inaweza kudaiwa na ikarudi. Miaka miwili ya mtoto hairudi.