Ligula ni nini? Kiulimi kinachoweza kuokoa mpunga wako

Umewahi kupalilia mpunga, halafu ukagundua umeng'oa mpunga wenyewe na kuacha gugu? Hauko peke yako. Miche ikiwa michanga hufanana mno.

Pa kuangalia ni kwenye ligula. Neno hili ni la Kilatini, limetokana na *lingua*, yaani ulimi, na maana yake ni ulimi mdogo. Ni kile kiwambo chembamba kinachochomoza pale jani linapoachana na shina.

Sasa shika jani, livute nje taratibu, chungulia hapo kwenye maungio. Mpunga una kiulimi cheupe kilichochongoka. Gugu la *Echinochloa colona*, linalosumbua sana mashamba ya mpunga, halina kabisa. Pakiwa patupu, ng'oa!