Mama wa Taifa bila Ikulu: Ida Odinga na hesabu ya Migori

Kwa Wajaluo, mwanamke akiolewa hapotezi kwao. Watu wa boma la mume watamwita "nyar" na jina la alikotoka, yaani binti wa mahali fulani, hata akizeeka na wajukuu. Kwa hivyo mitandao inaweza kumwita mke wa Baba na Bondo wakamwita Mama, lakini kimila huyu mama ni nyar Migori. Ida Anyango Oyoo alizaliwa Migori, Agosti 24, 1950. Sekondari akasoma Ogande Girls, Homa Bay, kabla ya kwenda Nairobi. Kabla hajakutana na mtu yeyote anayeitwa Odinga, kaunti hizi mbili zilikuwa zimeshamlea.

Nalianzia hapo kwa sababu tangu Raila Odinga afariki India mnamo Oktoba 15, 2025, tumesoma stori za Baba hadi macho yakauma. Na ni sawa, Baba ni Baba. Lakini katika nyingi ya stori hizo Mama Ida yuko pembeni ya picha, amekaa, hana mstari wake hata mmoja. Anatajwa pale kwa rambirambi, kisha stori inarudi kwa wanaume wanaogombania chama.

Raila aligombea urais mara tano: 1997, 2007, 2013, 2017 na 2022. Hiyo ina maana kwamba mara tano huku Nyanza tulikuwa na Mama wa Taifa tayari, amebakisha tu funguo za Ikulu. Funguo hazikuja. Karibu zaidi alifika 2008, serikali ya nusu mkate, Raila akiwa Waziri Mkuu hadi 2013 na yeye mke wa Waziri Mkuu. Na kusema ukweli hicho cheo cha Mama wa Taifa chenyewe ni hewa. Katiba ya 2010 haimpi mke wa Rais kazi yoyote. Mnakumbuka Julai 2024, baada ya sisi vijana kujaa barabarani kuhusu ule Mswada wa Fedha? Rais alipotangaza kubana matumizi, moja ya bajeti alizosema zinafutwa ilikuwa ya ofisi ya mkewe. Kitu kinachofutwa kwa hotuba moja si kitu cha kumpimia mtu maisha yake.

Sasa tumpime kwa nini? Mimi ningeanza na miaka ya themanini.

Ida alimaliza Chuo Kikuu cha Nairobi 1974, mwaka mmoja baada ya kuolewa, akawa mwalimu. Alifundisha Kenya High, ile shule ya wasichana pale Kileleshwa, kwa miaka mingi. Halafu Agosti 1, 1982 likatokea jaribio la mapinduzi. Raila akakamatwa, akashtakiwa kwa uhaini, kisha akawekwa kizuizini bila kesi. Ida akabaki na watoto watatu: Fidel, Rosemary na Raila Junior. Mkubwa bado alikuwa wa shule ya msingi, mdogo alikuwa na miaka mitatu hivi. Nyumba nzima ikasimama kwa mshahara wa mwalimu.

Kaa na hiyo kidogo. Mumeo yuko ndani, hakuna hukumu, kwa hivyo hakuna hata tarehe ya kuhesabia. Mfungwa wa kawaida anajua anatoka lini. Wa kizuizini anatoka siku ile Rais Moi ataamka na moyo mwepesi. Mama mkwe wako, Mary Juma, anafariki 1984, na mtoto wake analetewa habari gerezani miezi miwili baadaye. Wewe asubuhi bado unashika chaki unaingia darasani, mbele ya mabinti ambao baadhi yao, bila shaka, ni watoto wa wakubwa wa serikali ileile.

Februari 1988 Raila aliachiliwa. Kabla mwaka kwisha alikuwa amerudishwa ndani. Na mwaka huohuo serikali ikamfuta Ida kazi ya ualimu.

Hapo ndipo mimi husimama. Yeye hakuwa ameshtakiwa kwa lolote. Ila serikali ilijua kitu ambacho kila familia ya Kenya inajua: ukitaka kumvunja mtu aliye gerezani, gusa mkate ulio nyumbani. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili karo ilipokataa, kwa hivyo najua kidogo vile meza ya jioni hunyamaza mapato yakikatika. Lakini mimi nilikuwa peke yangu, sina mtoto wa kulisha wala askari wa Special Branch wa kuogopa. Huyu mama angeweza kabisa kusema, jamani, mimi nimeolewa na Odinga, sikuolewa na siasa. Nani angemlaumu?

Alifanya kinyume. Raila alitupwa ndani tena 1990, mwaka aliozaliwa kitinda mimba wao Winnie. Alitoka katikati ya 1991, na mwezi wa kumi mwaka huo akatoroka nchi kwenda Norway. Katika mwaka huohuo wa 1991 Ida alikuwa miongoni mwa walioanzisha League of Kenya Women Voters, chama cha kuwaelimisha wanawake kuhusu kura na kuwasukuma wagombee viti. Angalia tarehe. Kifungu cha 2A, kile kilichoifanya KANU kuwa chama pekee halali, kilifutwa Desemba 1991. Hawa kina mama hawakusubiri uchaguzi wa vyama vingi ufike ndio waulize nafasi yao iko wapi.

Uchaguzi wa 1992 ulipokuja, wanawake sita walishinda ubunge, kati ya viti 188. Sita! Ni wachache wa kuchekesha, lakini mmoja wao alitoka hapa hapa kwetu: Phoebe Asiyo wa Karachuonyo, ambaye alikuwa ameshakaa bungeni kuanzia 1980 hadi 1983. Huyu naye ni wa kuandikiwa makala yake peke yake. Alikuwa mwenyekiti wa kwanza Mwafrika wa Maendeleo ya Wanawake, alikuwa afisa mkubwa wa magereza, na 1997 alipeleka bungeni hoja ya kuwatengea wanawake nafasi. Wabunge waliiangusha. Alifariki Julai 2025, miezi mitatu kabla ya Raila, na nadhani vijana wengi wa rika langu walilijua jina lake kwa mara ya kwanza kwenye tangazo la kifo.

Ida mwenyewe hakuwahi kugombea kiti. Alirudi kwenye biashara, 2003 akawa mkurugenzi mkuu wa East African Spectre, kampuni ya familia inayotengeneza mitungi ya gesi. Januari 2015 alimpoteza Fidel, kifungua mimba wake, na bado kampeni za 2017 na 2022 zilimkuta jukwaani. Kuna wanaosema kama angetaka kweli kuwainua wanawake angejitosa mwenyewe debeni. Sikubaliani nao sana. Angeshinda kwa jina la mume, na watu wangesema ni la mume. Ila naelewa hoja yao, kwa sababu ukiwa na sauti kubwa hivyo ndani ya chama kinachoamua nani anakuwa nani Nyanza nzima, swali la kwa nini tiketi hazikwendi kwa wanawake wengi zaidi litakufikia mlangoni tu.

Na hapa ndipo nataka tuangalie hizi kaunti zake mbili kwa idadi, maana zina viti sawa kabisa. Homa Bay ina maeneobunge manane. Migori pia manane.

Mwaka 2022, Homa Bay ilichagua wanawake watatu katika hayo manane: Millie Odhiambo wa Suba North, Lilian Gogo wa Rangwe na Eve Obara wa Kabondo Kasipul. Juu yao wakamweka Gladys Wanga, gavana wa kwanza mwanamke wa kaunti hiyo na mmoja kati ya magavana saba wa kike nchini. Migori, alikozaliwa Mama Ida, ilichagua wanaume wanane kwa manane. Gavana, mwanamume. Kiti cha mwanamke kilikuwa kile tu ambacho sheria inakataza mwanamume kukalia.

Sasa usiniambie ni mila. Ni ziwa moja, lugha moja kwa sehemu kubwa, chama kilekile. Tofauti ni kwamba Homa Bay wamewazoea. Mtoto aliyezaliwa Kendu Bay 1980 alikuta mbunge wake ni mama. Wanga alikaa Mwakilishi wa Kike mihula miwili kabla ya ugavana, watu wakamwona kazini, wakamtukana, wakamsamehe, wakamzoea kama wanavyomzoea mwanasiasa yeyote.

Na msidhani Homa Bay ni peponi. Huku kwetu uchaguzi wenyewe huwa kwenye mchujo wa ODM. Agosti tunaenda kupiga muhuri tu. Mchujo ndio vita. Wakati wa joto la mchujo wa 2017, nyumba ya Millie Odhiambo kule Mbita ilichomwa. Aligombea hivyohivyo, akashinda, na 2022 akashinda tena. Msichana wa Nyatike au Awendo anayefikiria kuchukua fomu ameiona hiyo picha ya nyumba inaungua, na mzazi wake pia ameiona.

Uchaguzi ujao ni Agosti 10, 2027. Utakuwa wa kwanza kwa ODM bila Baba, na mwenyekiti wa kitaifa wa chama ni huyohuyo Wanga wa Homa Bay. Wiki jana niliwauliza marafiki zangu watatu wa Migori mjini wanitajie mwanamke mmoja anayetaka ubunge wa Suna East au Suna West. Mmoja alinitajia Mwakilishi wa Kike. Wengine wawili walicheka, kisha mmoja akaniuliza, "Kwani uko na mtu?"