Said El-Maamry

Said Hamad El-Maamry ni wakili wa Tanzania anayefahamika zaidi kama mwenyekiti wa zamani wa Chama cha Soka Tanzania (FAT), ambacho tangu 2004 kinaitwa Shirikisho la Mpira wa Miguu Tanzania (TFF). Alikiongoza chama hicho katika miaka ya 1970 na 1980.

Soka ya enzi hizo haikuwa ya Dar es Salaam peke yake. Tarehe 10 Agosti 1974 Yanga na Simba ziliamua ubingwa wa taifa mjini Mwanza, katika uwanja wa Nyamagana, na Yanga ilishinda 2-1 baada ya dakika za nyongeza. Baadaye Mwanza ilipata pia uwanja wa CCM Kirumba, na klabu yake ya Pamba ikatwaa ubingwa wa nchi mwaka 1990.

Taaluma ya sheria ilimfaa kiongozi wa soka, pengine kuliko kipaji cha kucheza. Vyama vya michezo nchini vinasajiliwa chini ya sheria ya Baraza la Michezo la Taifa ya mwaka 1967, lakini chama cha soka kinafungwa vilevile na katiba za FIFA na CAF, ambazo hazitaki migogoro ya mpira ipelekwe katika mahakama za kawaida. Rufaa za matokeo, usajili wa wachezaji na ugomvi wa uongozi katika klabu huamuliwa ndani ya kamati, na anayezijua kanuni ndiye husikilizwa.

Mafanikio makubwa ya kipindi chake yalikuja Agosti 1979. Taifa Stars, ikiwa imeshinda 1-0 nyumbani, ilitoka sare ya 1-1 na Zambia mjini Ndola kwa bao la Peter Tino, ikafuzu Kombe la Mataifa ya Afrika la 1980 nchini Nigeria. Huko ilifungwa 3-1 na wenyeji na 2-1 na Misri, kisha ikatoka 1-1 na Ivory Coast.

El-Maamry alikuwa pia mjumbe wa Kamati ya Utendaji ya CAF, na baadaye akawa mjumbe wake wa heshima. Nahodha wa kikosi cha 1980, Leodegar Tenga, alichaguliwa kuwa rais wa TFF mwaka 2004. Taifa Stars ilirudi katika fainali hizo mwaka 2019, nchini Misri.